Nani Alipandisha Maji? Jinsi Maisha ya Ndani ya Makasri ya Zanzibar Yanavyosomwa

Tangu sehemu kubwa ya Beit al-Ajaib, jengo la hafla la masultani mjini Zanzibar, iporomoke tarehe 25 Desemba 2020 na kuua watu wawili, habari za makasri zimerudi midomoni mwa watu. Ukikaa Forodhani jioni utasikia mengi: kwamba mlango mpana wa Beit al-Ajaib ulipimwa ili sultani apite akiwa juu ya tembo; kwamba katika kasri la Maruhubi walikaa masuria 99, si mmoja zaidi wala pungufu; kwamba chini ya kila nguzo kalazwa mtu. Na hadithi zikiisha huja swali: hawa wanaoandika kwamba mwaka 1850 watu wa kasri walikula saa tatu asubuhi na saa kumi alasiri, wamejuaje? Walikuwepo?

Swali ni la haki, na jibu lake linaeleza kazi nzima ya mwanahistoria wa maisha ya kila siku. Kwanza tupambanue maneno, maana hapo ndipo mchanganyiko unapoanzia.

Kasri ni nyumba ya mtawala. Jumba ni nyumba kubwa ya tajiri au ya ukoo wenye jina. "Beit" unayoiona katika Beit al-Ajaib, Beit al-Sahel na Beit al-Mtoni ni Kiarabu cha "nyumba" tu. Haimaanishi kwamba kila jengo lenye jina hilo lilikaliwa na sultani. Historia ya maisha ya kila siku ni ile inayoacha vita na mikataba pembeni ikauliza watu walikula nini, walilala wapi, walioga vipi, nani alifua, nani alipasua kuni, uchafu ulitupwa wapi. Chanzo ni kitu chochote kinachoweza kujibu maswali hayo: kitabu, barua, ukuta, kigae cha bakuli, mfupa wa mbuzi.

Halafu kuna watu wanne ambao huchanganywa. Mtembeza wageni husimulia. Mhifadhi hulilinda jengo lisianguke. Mwanaakiolojia huchimba. Mwanahistoria hulinganisha ushahidi na kusema upi unaaminika na kwa kiasi gani. Wakati mwingine mtu mmoja hufanya kazi mbili au tatu kati ya hizo, lakini kazi zenyewe ni tofauti, na ukimwamini msimulizi kana kwamba ni mlinganishaji ndipo tembo anapopanda ngazi.

Anza na boriti

Chanzo cha kwanza ni nyumba yenyewe. Ingia katika nyumba yoyote ya kale ya Mji Mkongwe, au ya Lamu, upime upana wa chumba. Mara nyingi utapata mita mbili na nusu, pengine karibu tatu, hata kama urefu wake ni mita kumi. Watu hudhani ni mtindo, au ni mambo ya stara. Sababu kubwa iko juu ya kichwa chako: dari imebebwa na boriti, yaani miti ya mikoko iliyokatwa sehemu kama Rufiji na visiwa vya Lamu. Mkoko ni mgumu na mchwa hauupendi, lakini ukizidisha nafasi kati ya kuta mbili, sakafu ya mawe na chokaa iliyo juu yake itaipinda boriti. Basi mti ndio uliopanga chumba. Boriti hizohizo zilipakiwa majahazini kwenda Oman na Ghuba, na huko nako nyumba za zamani zina vyumba vyembamba vya upana uleule.

Kutoka hapo mengi hufunguka. Chumba chembamba hakina nafasi ya meza kubwa wala viti pande zote, kwa hiyo watu hukaa chini, kwenye mikeka na mazulia, migongo ukutani. Kuta zenyewe ni nene, nusu mita na zaidi, za mawe ya matumbawe na chokaa, na unene huo huchongwa zidaka za kuwekea vyombo. Sayyida Salme binti Said, ambaye tutakutana naye sana hapa chini, anaeleza vyumba vya nyumba za baba yake hivyohivyo: virefu, vyembamba, zidaka kutoka chini hadi juu, zimejazwa kaure na bilauri, pamoja na vioo vikubwa na saa za ukutani. Hapa kitabu na ukuta vinasema jambo moja, na vyanzo viwili visivyojuana vikikubaliana, mwanahistoria huanza kupumua.

Sasa nenda Beit al-Ajaib, iliyojengwa na Sultani Barghash mwaka 1883. Vyumba vyake ni vipana na dari iko juu sana. Boriti zimekwenda wapi? Hapa sakafu zilishikiliwa na mihimili ya chuma, na veranda zilizozunguka jengo zilisimama juu ya nguzo za chuma. Kilichobadilika kati ya nyumba za boriti na jengo hili ni meli, biashara na mifuko ya sultani. Hilo lilikuwa jengo la kwanza Zanzibar kuwashwa taa za umeme, na lifti yake ilikuwa ya kwanza Afrika Mashariki, ndiyo sababu ya jina la "ajaib". Na halikuwa nyumba ya kulala. Lilikuwa jengo la hafla, la kupokea wageni na kuonyesha uwezo. Familia iliishi katika majengo ya jirani, Beit al-Sahel na Beit al-Hukm, na kati yao palikuwa na vivuko vya juu vilivyofunikwa ili wanawake wa nyumba wapite bila kuonekana na watu wa njiani.

Kuhusu tembo, mlango mpana unathibitisha kwamba mlango ni mpana. Jengo la hafla hutaka mlango wa hafla. Ili tuseme tembo alipita, tungehitaji daftari la malisho yake, banda lake, mchungaji wake, au walau mgeni mmoja aliyemwona akaandika. Tembo ni mnyama asiyefichika, anakula mchana kutwa.

Kinachoua majengo haya

Chokaa ya pwani hutengenezwa kwa kuchoma vipande vya matumbawe juu ya lundo la magogo, kwenye tanuu, kisha kuvizima kwa maji na kuiacha chokaa ilale, wiki au miezi, ipoe na kulainika. Ukuta uliojengwa hivyo hupumua. Maji hupanda kutoka ardhini na kushuka kutoka paani, hupita ndani ya ukuta, kisha hutoka kama mvuke usoni mwake. Mwenye nyumba anapoona ukuta unamomonyoka huita fundi, fundi hupiga lipu ya saruji. Ukuta unapendeza kwa misimu miwili mitatu. Lakini saruji imeziba pua: maji yamebaki ndani, chumvi inajikusanya nyuma ya lipu, chokaa ya ndani inageuka unga, na ncha za boriti zilizozikwa ukutani zinaoza mahali asipoona mtu. Dalili ya kwanza mara nyingi huwa pembezoni, pale sakafu inapokutana na ukuta, wala si katikati ya chumba. Ongeza mmea uliootea ufa wa paa na mlizamu ulioziba, na hesabu ya jengo imeshaanza kusomwa.

Shughuli ya kila siku

Beit al-Mtoni ni kasri la zamani kuliko yote ya ukoo wa Sayyid Said bin Sultan, aliyetawala kuanzia 1806 hadi alipofia baharini mwaka 1856. Liko kilomita chache kaskazini ya mji, ufukweni, penye kijito kilicholipa jina. Salme alizaliwa hapo mwaka 1844. Mama yake, Jilfidan, alikuwa suria Mcherkasi, mtu wa milima ya Kaukazi. Mwaka 1866 Salme aliondoka Zanzibar, akaolewa na mfanyabiashara Mjerumani, akaitwa Emily Ruete, na mwaka 1886 akachapisha kwa Kijerumani kumbukumbu za maisha yake. Hakuna chanzo kinacholingana na hicho kwa undani wa nyumba za sultani, kwa kuwa hicho kimeandikwa na mtu aliyezaliwa ndani.

Anasema Mtoni waliishi watu wasiopungua elfu. Tuitazame namba hiyo kwa macho ya mpishi. Kila aliyewahi kusimamia pilau la harusi anajua watu elfu ni nini: masufuria, mafiga, kuni, vijana wa kukoroga, kelele. Tukikadiria robo kilo ya mchele kwa mtu kwa siku, ni kilo 250, yaani magunia mawili na nusu ya kilo mia. Tukikadiria lita 20 tu za maji kwa mtu, za kunywa, kupikia, kutawadha na kuoshea, ni lita 20,000, ndoo elfu moja za kawaida. Hizi ni hesabu za kupimia tu, hazikutoka katika daftari lolote la Mtoni. Lakini zinaonyesha kwa nini kasri lilijengwa penye kijito, na zinamlazimisha msomaji kuuliza swali ambalo picha za makasri hulificha: ndoo hizo elfu zilikuwa mikononi mwa nani? Jibu ni watumwa. Ni harusi ya watu elfu kila siku, bila siku ya kupumzika, na wapishi hawaendi kwao ikiisha.

Salme analeta picha za jikoni ambazo ni za mtu aliyeona. Wanyama walichinjwa palepale nyumbani. Samaki wengine walikuwa wakubwa hata wakabebwa na wanaume wawili. Unga, mchele na sukari viliingia kwa magunia, samli ililetwa kwa mitungi kutoka kaskazini, hasa Socotra, na viungo peke yake ndivyo vilivyopimwa kwa ratli. Matunda yalibebwa kila siku na makumi ya wapagazi kutoka mashambani, mbali na yale ya mitumbwini, na sehemu kubwa ilifika imepondeka kwa kubebwa bila uangalifu. Hapo msomaji makini husimama. Binti wa sultani anaona uvivu wa wapagazi. Mwanahistoria anaona embe mbivu katika kikapu cha makuti, jua, njia ya mchanga, na mtu ambaye embe zikifika nzima hapati kitu na zikipondeka hapotezi kitu isipokuwa karipio. Sentensi moja, ushahidi wa mambo mawili, na la pili mwandishi mwenyewe hakukusudia kulisema.

Chakula kilipikwa kwa namna kadhaa, Kiarabu, Kiajemi na Kituruki, kwa sababu waliokaa ndani walitoka sehemu mbalimbali. Milo mikubwa ilikuwa miwili, karibu saa tatu asubuhi na saa kumi alasiri. Kulikuwa na meza ya chini sana, watu wakiketi sakafuni kuizunguka kwa daraja, na mkono wa kulia ukifanya kazi. Waliokula na Sayyid Said, kwa maelezo ya Salme, ni mke wake wa ndoa Azza binti Seif, dada yake, na watoto na wajukuu waliokwisha pita miaka saba. Suria, hata yule apendwaye vipi, hakuketi meza hiyo. Baada ya chakula, kahawa. Asubuhi na alasiri mwenye nyumba alikaa barazani kupokea watu na mashauri, na neno hilo la baraza limebaki kwetu kwa maana mbili, kiti cha mawe na kikao chenyewe.

Sasa udhaifu wa chanzo. Salme aliishi Mtoni mpaka umri wa miaka saba hivi, kabla ya kuhamia na mama yake mjini, Beit al-Watoro. Aliandika miongo kadhaa baadaye, kwa lugha ya ugenini, kwa wasomaji wa Ulaya ambao alitaka waache kuwadharau wanawake wa Mashariki. Na aliutetea utumwa. Kwa hiyo "elfu" yake huenda ni namba, huenda ni "wengi mno" wa mtoto anayetazama kutoka kiunoni mwa yaya. Kitabu hakitupwi kwa sababu hiyo. Unachukua alichokiona kwa macho yake, mfano umbo la vyumba, vitanda virefu ambavyo ilibidi mtu apandie kiti au ashikwe mkono na mjakazi, nguo zilizofukizwa udi. Unakuwa mwangalifu na namba zake. Na unakataa kumwachia aseme kwa niaba ya mpagazi.

Suria na namba 99

Neno suria limeharibiwa na ndoto za watu. Kisheria, katika utaratibu wa wakati ule, suria alikuwa mwanamke mtumwa aliyechukuliwa na bwana wake mwenyewe. Akimzalia mtoto, hawezi tena kuuzwa, na bwana akifa anakuwa huru. Mtoto ni huru tangu kuzaliwa na anarithi kama mtoto wa mke. Hili si jambo dogo la pembeni: Azza hakuzaa, na Salme anasema baba yake aliacha watoto 36, wote wa masuria, na masuria 75. Majid, Barghash, Khalifa na Ali, ndugu wanne waliotawala Zanzibar mmoja baada ya mwingine, wote mama zao walikuwa masuria.

Kwa hiyo kasri halikuwa chumba cha wanawake waliolala juu ya mito wakipepewa. Lilikuwa kama mtaa. Wacherkasi na Wahabeshi walikuwa na makundi yao, lugha zao na wivu wao. Mwenye mtoto wa kiume alikuwa na uzito tofauti na asiye na mtoto. Wengine walikuwa na wajakazi wao na mali yao, na wakitembeleana usiku walitoka na msafara wa mataa makubwa. Mwaka 1859 baadhi ya dada za Barghash walimsaidia alipojaribu kumwondoa Majid, Salme akiwamo, ingawa alikuwa bado msichana mdogo. Kwa kuwa alijua kuandika, alifanywa mwandishi wa barua za njama. Barghash akashindwa na kupelekwa Bombay. Siasa ya nchi ilipitia ukumbi wa wanawake.

Ila kuwa na wajakazi hakufuti kuwa mtumwa. Na hapa sheria yenyewe ni chanzo kikali kuliko kumbukumbu yoyote: amri ya mwaka 1897 iliyoondoa hadhi ya kisheria ya utumwa Zanzibar iliwaacha masuria nje. Walisubiri mpaka 1909. Miaka 12 hiyo inaeleza nyumba kubwa zilivyokuwa zimesimama juu ya nani, na wakubwa wa wakati huo, Waarabu na Waingereza pamoja, waliogopa kugusa nini.

Maruhubi basi. Lilijengwa na Barghash mwanzoni mwa miaka ya 1880, likaungua 1899, na leo imebaki mistari ya nguzo nene zilizobeba veranda za mbao, na hamamu, yaani bafu la mvuke. Masuria 99? Ni namba inayopendeza masikioni, na namba zinazopendeza masikioni ndizo za kuogopwa kwanza. Namna ya kuijaribu ni kuhesabu vyumba katika msingi uliobaki, kupima hamamu na matangi ya maji, kisha kuuliza jengo lile lingelisha na kuosha watu wangapi. Kuhusu watu waliozikwa chini ya nguzo, simulizi hizo zipo pwani nzima na hata mbali, kuhusu majumba na madaraja. Kuzithibitisha kunahitaji mifupa katika msingi. Lakini mwanahistoria haziandiki tu "uongo" akaenda zake: simulizi kama hiyo ni namna ya watu kukumbuka kwamba kazi ya ujenzi ule ilikula watu, na hilo la pili halihitaji mifupa kulisadiki.

Maji ya moto

Hamamu za Zanzibar ni rahisi kuzisoma hata zikiwa magofu, maana mvuke una masharti yake. Chumba cha moto hakina madirisha. Kina kuba lenye matundu madogo ya kupitisha nuru. Tanuri na tangi la maji viko nyuma, na moto huchochewa kutoka nje, ili mchochezi asiwaone waogaji. Sakafu ina mwinamo kuelekea mfereji. Ukiona maji ya mvua yamesimama katikati ya chumba, ujue sakafu imetitia au mfereji umeziba. Ile ya Kidichi ilijengwa mwaka 1850 kwa ajili ya Shahrzad, mke Mwajemi wa Sayyid Said, na nakshi zake za lipu ni za Kiajemi waziwazi. Ile ya Hamamni mjini ni ya Barghash, iliyojengwa kwa ajili ya watu wote, na imeupa mtaa jina lake.

Kwenye majumba ya Lamu, ambako hapakuwa na mvuke, kulikuwa na birika la kuogea lililojengwa ndani ya choo. Maji yaliyosimama huzaa mbu, basi watu waliweka samaki wadogo wale viluwiluwi, na chini ya birika walipachika bakuli la kaure la Kichina, ili maji yakipungua samaki wapate pa kukimbilia. Ukilikuta bakuli la namna hiyo limebandikwa kwa chokaa sakafuni mwa birika, usidhani ni pambo. Ni nyumba ya samaki.

Tukirudi nyuma zaidi, kitabu kinakwisha na taka zinaanza. Husuni Kubwa ya Kilwa Kisiwani, kasri la karne ya 14 la Sultani al-Hasan bin Sulaiman, lina bwawa la pembe nane juu ya jabali linalotazama bahari, na swali letu la ndoo linarudi palepale. Katika magofu ya mji wa Gede, Kenya, mwanaakiolojia James Kirkman alipochimba kuanzia 1948, nyumba alizipa majina ya vitu alivyovikuta ndani: Nyumba ya Mkasi, ya Kasha la Pembe, ya Taa ya Chuma. Mgeni hudhani ni majina ya wenyewe. Ni majina ya taka na vilivyosahauliwa, na hakuna ajuaye wenyewe waliziitaje.

Chakula cha zama hizo tunacho kidokezo kwa Ibn Battuta, aliyepita pwani hii mwaka 1331 na kukaribishwa na sultani wa Mogadishu: wali wa samli, kitoweo cha kuku, nyama na samaki, ndizi mbichi zilizopikwa kwa maziwa, achari ya ndimu, pilipili, tangawizi mbichi na embe. Angalia pilipili hiyo: haiwezi kuwa pilipili mbuzi, maana hiyo ilitoka Amerika baada ya 1492, sawa na mahindi, muhogo, nyanya na papai. Mchoraji akikuonyesha karamu ya Kilwa ya karne ya 14 yenye ugali wa mahindi na kachumbari ya nyanya, picha yake ina makosa ya miaka mia mbili au zaidi. Hata karafuu, ambayo sasa ndiyo sura ya Zanzibar, ilianza kupandwa huku karne ya 19.

Mitego ya karatasi

Nyaraka nazo zina ujanja wao, na makosa mengi ya mitandaoni yanatoka hapa. Saa kwanza: hati ya mwenyeji ikisema saa tatu na hati ya konsuli ikisema saa tisa, huenda ni wakati uleule. Tarehe: mwaka wa Hijria ni mfupi kwa siku 11 hivi, kwa hiyo mtu "aliyeishi miaka 70" kwa Hijria ana 68 kasoro kidogo kwa Miladia. Fedha: "dola" katika karatasi za miaka ya 1840 ni reale ya fedha ya Maria Theresa, si dola ya leo, na kuigeuza kwa bei ya benki ya leo ni kupoteza wakati. Uliza badala yake ilinunua nini. Vipimo: frasila ni ratli 35 hivi, karibu kilo 16, lakini pishi na kibaba hubadilika kutoka mji hadi mji.

Mtego mkubwa kuliko yote ni kile kilichopotea. Tarehe 27 Agosti 1896 meli za Uingereza zililipiga eneo la makasri kwa muda usiofika saa moja, Khalid bin Barghash, aliyejitangaza sultani, akiwa ndani. Beit al-Hukm halikurudi, na Beit al-Sahel ilibidi lijengwe upya. Kwa hiyo anayeingia leo Makumbusho ya Kasri, jengo lililopo mahali pa Beit al-Sahel, haingii nyumba aliyoijua Salme. Vitu vingi humo ni vya masultani wa karne ya 20, na chumba kimoja kina samani za fomaika, yaani mbao zilizobandikwa plastiki, za miaka ya katikati ya karne hiyo. Wageni huzipita haraka kutafuta dhahabu. Ni hasara yao: kabati la fomaika ndani ya kasri linaeleza, kuliko kiti cha enzi, sultani wa mwisho mwisho alinunua wapi na alitaka kufanana na nani.

Mwenye jumba la urithi anayetaka kulitengeneza anaweza kuokoa mengi kwa siku moja ya kazi. Apime upana na urefu wa kila chumba na unene wa kuta. Apige picha dari kabla ya boriti kuguswa, na ahesabu boriti zenyewe. Avunje kipande cha lipu ya zamani cha ukubwa wa kiganja, akiweke katika mfuko wenye tarehe na jina la ukuta. Asiruhusu shimo la choo cha zamani kuzolewa na kumwagwa kabla mtu anayejua hajaliangalia, maana humo ndimo vigae, shanga na mifupa ya chakula ilimoishia. Na aandike majina ya vyumba kama wazee wa nyumba wanavyoyataja, hata yale yanayoonekana hayana maana: chumba kinachoitwa "kwa mchele" huku hakuna aliyewahi kuona mchele humo kinajua jambo ambalo ramani haijui. Bibi wa nyumba aulizwe kwanza, fundi aje kesho.